Nilivyoitafsiri Kenya kuwa Serikali

Mwezi uliopita mlinifanyia keki ya kustaafu yenye picha yangu juu, halafu mkanipa kisu nijikate pua mwenyewe. Asanteni, ingawa sukari ilizidi. Sasa mnataka niandike kazi yangu ilivyokuwa, ili nyinyi vijana wa kamera, wa Lodwar na wa Kakuma, msome siku mkikwama. Nitaandika. Nilifika darasa la tatu, mbuzi wa baba wakanitoa shule, kwa hiyo nitaandika ninavyoongea. Anayetaka kunirekebisha herufi, anirudishie kwanza darasa la nne.

Mambo ya vyeo sitagusa. Nilikuwa na cheo kimoja tu, mkalimani, na siku ya kwanza kilipoandikwa mahali watu wanaweza kukiona, shuka tulilotundika ukutani kuonyeshea filamu lilikuwa dogo. Herufi nne za mwisho ziliangukia kwenye ukuta, zikapotea. Watu wakasoma MKALI, na chini yake MAMA AKIRU. Hakuna hata mmoja aliyesema ni makosa.

Nilianza hivi. Nilikuwa nasuka vikapu vya mkoma na kuviuza sokoni Lodwar. Siku moja akaja Kerubo, mwanamke mrefu kutoka Nairobi, mchoraji na mtengenezaji wa filamu. Nyinyi mnamjua sasa, ana mvi na anaheshimika. Wakati huo hakuwa na mvi na hatukujua kama anaheshimika. Alinunua gunia zima la makaa, akaketi chini akaanza kuchagua kipande kimoja kimoja kama anayechambua mchele. Jirani yangu, muuza samaki, akasema kwa Kiturkana, "Ona huyu, amenunua gunia la makaa na hana hata sufuria." Soko likacheka. Kerubo akanigeukia.

"Mama, amesema nini?"

"Anasema karibu."

Hiyo ndiyo tafsiri yangu ya kwanza, na mkiitazama vizuri, ugonjwa wote ulikuwa tayari umo ndani.

Makaa yalikuwa ya kuchorea. Alitandika kitambaa cheupe kirefu kama mtu, akamchora muuza samaki pale pale. Mwenyewe akajitazama, akauliza, "Mbona amenichora kama nimekufa?" Nikamwambia Kerubo, "Anasema asante." Akaniajiri siku hiyo hiyo. Alisema amenisikia nikigombana na muuza samaki kwa Kiturkana, kisha na Msomali wa nguo kwa Kiswahili bila kupumua katikati, na mtu wa namna hiyo ndiye aliyekuwa anamtafuta.

Nilimuuliza kazi ni gani. Akasema anakusanya kumbukumbu za nchi. Nikamwambia nchi haina kichwa, itakumbukaje? Akasema ndiyo maana anazunguka na kamera. Akaongeza kwamba historia imeandikwa na watu waliokaa kivulini, yeye anataka wale waliokuwa juani. Hapo nikaona amefika mahali pake, kwa sababu kama ni jua, tunalo.

Siku yangu ya kwanza ya kupiga filamu ilikuwa Lowarengak, kwa mzee mmoja wa pale ziwani. Kerubo alisimamisha kamera kwenye miguu yake mitatu, akaniambia, "Mwambie azungumze na mimi, asiangalie kamera." Nikamwambia mzee. Mzee akaiangalia. Nikamwambia tena. Akaiangalia zaidi, kisha akachukua fimbo yake akainuka aende zake.

"Mgeni amekaa mbele ya nyumba yangu, ana jicho moja, ameniangalia tangu asubuhi, na mimi nisimwangalie?" alisema. "Huyo ni mgeni wa aina gani? Hajanisalimia hata."

Kerubo akaniuliza mzee amesema nini. Nikamwambia amechoka kidogo. Kisha nikaenda nyuma ya kamera, nikainama, nikasema kwa sauti ya kamera, yaani nyembamba kidogo, "Ejok." Mzee akasimama. Akaifikiria. Akarudi, akaketi, akaijibu, "Ejoka noi." Baada ya hapo aliongea na Kerubo mpaka betri ikaisha, bila kuitazama kamera tena, maana walikuwa wameshasalimiana na hawakuwa na neno. Ndiyo sababu filamu zetu zote za zamani zinaanza na mzee anayeisalimia hewa. Wataalamu wa Nairobi wanadhani ni mtindo.

Sasa vifaa. Kile kijiti kirefu cha kinasa sauti, chenye manyoya mbele, usikipitishe juu ya kichwa cha mwanamke wa ziwani kabla hujamweleza, atadhani unamvua kama sangara. Mbuzi wafungwe kabla hujabonyeza, si baada, maana mbuzi akijua unanasa ndipo anapopata la kusema. Kamera ifunikwe kwa leso yenye unyevu, na leso hiyo isirudi kuwa ya mtoto. Upepo wa Lodwar huanza mapema kuliko mtu wa ofisini, kwa hiyo mahojiano ni alfajiri. Na usiende kwa mzee bila tumbaku na majani ya chai. Mwenzenu mmoja aliwahi kwenda na biskuti. Alihojiwa yeye.

Kisha tukampata Apa Ewoi. Apa ni baba, na kwetu kila mzee ni Apa. Yeye aliishi ng'ambo ya mto Turkwel, karibu na mji. Zamani za mkoloni, hapa Lodwar ndipo walipokuwa wakitupwa wanasiasa wa kutoka kusini, wale waliodai uhuru. Mzungu aliona jua letu linatosha kuwa askari. Apa Ewoi alikuwa mtoto, na kazi yake ilikuwa kuwapelekea maji kutoka mtoni. Kerubo aliposikia hivyo alisimamisha kamera bila kutoa kifuniko cha lenzi, nikakitoa mimi.

Lazima nieleze jambo moja kwa wale mliotoka mbali. Sisi Waturkana, mtu akienda Kitale au Nairobi, tunasema ameenda Kenya. Ukivuka daraja la Kainuk, umeingia Kenya. Watu wa huko ni Wakenya. Sisi pia tuna kitambulisho chao, ndiyo, lakini kitambulisho ni karatasi na Kainuk ni mbali.

Apa Ewoi aliketi kwenye kigoda chake, akaisalimia kamera, akasema maneno haya. Nayaweka hapa kama yalivyotoka, kwa sababu siku ile sikuyaweka hivyo.

"Wakenya waliletwa hapa wakiwa wamefungwa. Jua lilikuwa linawapiga, hawakulijua. Mimi nikawaletea maji, asubuhi na jioni. Walikunywa, wakanicheka masikio yangu, nikawacheka viatu vyao. Siku moja nikaja na maji, nikakuta nyumba wazi. Wakenya wameenda. Hawakuaga. Nikaketi mlangoni na maji yangu, nikasema, watarudi kuaga. Wakarudi mimi nikiwa mwanamume mwenye ngamia. Walikuja na malori, wanatafuta bunduki. Hawakusalimia. Wakawachukua ngamia wangu. Wakaenda, hawakuaga tena. Sasa mimi nina swali moja, na nikishalifikisha sina deni na mtu. Nawauliza Wakenya, nyinyi mlilelewa na nani, hamsalimii, hamuagi?"

Hilo ndilo jambo pekee alilotaka kwetu, swali lake lifike Kenya. Hakutaka tumbaku hata, ingawa aliichukua.

Kerubo alikuwa ameketi mkekani, mkononi ana kikombe cha chai niliyoipika mimi. Alikuwa ametoka Nairobi. Alikuwa Mkenya kuanzia nywele mpaka kandambili. Nikamwangalia anavyomeza chai yangu, na mdomo wangu ukakataa. Unamwambiaje mgeni, chai ikiwa bado kooni, kwamba nyinyi mlilelewa na nani? Nikatafuta mtu mwingine wa kubeba huo mzigo, mtu ambaye hayupo na hawezi kuudhika. Nikampata.

"Anasema serikali," nikasema.

"Mbona nasikia anasema Kenya, Kenya?"

"Ndiyo. Serikali ya Kenya."

"Na ile mwanzo, ya kufungwa?"

Hapo nilikuwa nimeshaingia mtoni, maji yako kiunoni. "Anasema serikali ililetwa hapa ikiwa imefungwa."

Kerubo akaweka kikombe chini. "Serikali ilifungwa?"

"Kidogo. Halafu ikafunguliwa."

Nilidhani nimekamatwa. Badala yake akafungua daftari, akaandika, akapiga mstari chini yake, mara mbili. Akasema ni fumbo zito sana. Jioni ile alichora kwa makaa jengo kubwa limefungwa kamba kama mbuzi wa kuuzwa, akaliita "Serikali Iliyofungwa". Picha hiyo mnaijua, iko ukutani ofisini, wageni huitazama wakitikisa kichwa. Basi sasa mnajua ilikotoka. Ilitoka kwenye chai.

Uongo wa namna hii huwezi kuufanya mara moja tu. Kila mzee tuliyempata alisema Wakenya, na kila mara nikasema serikali. Tulienda hivyo karibu miaka mitatu. Kerubo aliwahi kuzungumza mbele ya watu wasomi akasema jambo linalomshangaza kuhusu wazee wa Turkana ni jinsi wanavyoizungumzia serikali kila wakati. Walimpigia makofi. Mimi nilikuwa nyuma, nikatazama vidole vya miguu yangu.

Kisha tukahamia Kakuma, kwenye kambi ya wakimbizi, kwa sababu huko ndiko kulikuwa na kompyuta nzuri ya kukatia filamu, na fundi wake alikuwa Mama Furaha, Mkongomani, mkimbizi wa miaka mingi. Yeye ndiye aliyeandika yale maneno ya chini ya picha. Mimi nasema, yeye anapiga herufi. Betri tulichajia dukani kwa Abdi, Msomali, ambaye alizipanga kati ya tende na sabuni na kuzilinda kuliko tende.

Siku ya kwanza Mama Furaha aliniuliza, "Na weye, mama, unatoka Kenya?"

"Mimi? Hapana. Mimi ni wa hapa. Kenya iko huko chini."

Akaacha kupiga herufi. "Chini wapi?"

"Ukivuka Kainuk."

"Eeh!" Akashika kichwa kwa mikono miwili. "Mie nilikimbia vita, nikapita inchi ngapi, miaka yote naandikia watu wangu kwamba nilifika Kenya. Kumbe sijafika!" Akamwita Abdi ng'ambo ya njia. "Abdi! Hatujafika!" Abdi akajibu kwamba yeye alikuwa akishuku hivyo zamani.

Tukawa marafiki. Lakini Mama Furaha alikuwa na masikio. Miaka ya kununua kuni kwa wanawake wetu ilimfundisha Kiturkana cha kutosha kukataa bei. Tulipofika kwenye kipande cha Apa Ewoi, akalirudisha lile neno, akalirudisha tena.

"Mama, huyu mzee eko anasema Kenya. Weye unaniambia serikali."

"Andika serikali."

"Serikali, kwetu tunasema leta, ni Kifaransa. Ile leta, bwana, iko na mgongo mupana. Mutu akiogopa jirani yake, vyote anaweka juu ya leta." Akanitazama juu ya miwani. "Weye unaogopa nani?"

"Naogopa tutamaliza kesho kutwa. Andika."

Akaandika. Lakini alitikisa kichwa kila alipolipiga lile neno, na lilikuwa halipigwi mara moja.

Filamu ilipokamilika, tulipanga ionyeshwe kwanza Lodwar, kwa wenyewe, kisha siku nne baadaye Nairobi, kwenye ukumbi mkubwa. Hapa tulipata ukumbi wa kanisa. Ilikuwa saa tisa mchana. Ili pawe na giza tulipigilia blanketi kwenye madirisha, watu wakajaa, mlango ukafungwa, na nawaambia, mkate ungeiva humo bila jiko. Apa Ewoi tulimketisha mbele. Na mimi, kwa sababu ya kiburi, nikamketisha kando yake mjukuu wangu Akiru.

Niseme kidogo kuhusu Akiru. Amepewa jina la mama yake, binti yangu, ambaye ndiye ninayeitiwa mimi. Wakati huo alikuwa darasa la saba na alikuwa anasoma maandishi kabla hayajamaliza kutokea. Sasa anasomea unesi, hanywi soda, na akikutazama tu anakwambia una malaria. Nilitaka mji mzima umwone. Walimwona.

Sura ya Apa Ewoi ikajaa ukutani, kubwa kama lori. Watu wakashangilia. Yeye mwenyewe akaonekana kuridhika na masikio yake. Kisha akauliza, kwa sauti ya mtu asiyesikia vizuri, "Hawa ni siafu gani wanatembea chini ya kidevu changu?"

"Si siafu, Apa," Akiru akasema. "Ni maneno yako, kwa Kiswahili. Ya watu wa Nairobi."

"Nisomee."

Mjukuu wangu akasimama. Sauti yake ni safi, haina aibu, alirithi kwangu. "Serikali ililetwa hapa ikiwa imefungwa. Serikali ikaondoka, haikuaga. Naiuliza serikali..."

Sasa, Apa Ewoi hakujua Kiswahili kingi. Lakini neno serikali hata ng'ombe wa Lodwar wanalijua, wakilisikia wanageuza njia.

"Zima!" alisema. Akasimama, kivuli chake kikaingia usoni mwake kule ukutani. "Zimeni! Nani ameniwekea serikali mdomoni? Mimi serikali siijui. Haijawahi kunywa maji yangu. Niliowapa maji walikuwa na midomo! Walikuwa watu! Nimeuliza watu!"

Wanaojua Kiturkana, yaani ukumbi mzima isipokuwa mmoja, wakaniangalia. Yule mmoja, Kerubo, alikuwa amesimama kando ya mashine.

"Mama Akiru," akasema polepole. "Amesema nini?"

Nilikuwa na majibu mawili matatu ya zamani, yote mazuri. Amechoka kidogo. Anasema asante. Lakini Akiru alikuwa ananiangalia, na jasho lilikuwa linanitiririka, na nikaona siwezi kumbebesha mwingine huo mzigo mbele ya mtoto aliyenisomea makosa yangu kwa sauti safi namna ile. Nikamwambia yote. Wakenya. Kainuk. Chai.

"Miaka mitatu, Mama?"

"Ulikuwa unakunywa chai yangu."

"Na jengo langu? Kamba?"

"Kamba uliiweka wewe mwenyewe. Mimi nilitaja kufungwa tu."

Alitoka nje. Nilidhani ndiyo mwisho wa kazi yangu, na nikaanza kufikiria vikapu. Apa Ewoi alikuwa amemshika Akiru begani na alikuwa anatoka pia. Alisema uso wake utolewe kwenye hiyo filamu. Nikamfuata hadi kwenye mchanga, nikamwomba arudie maneno yake mbele ya kamera, tuyaandike upya, kuna siku nne bado.

"Mimi si redio," alisema. "Nimesema mara moja, na nimesema vizuri. Aliyeharibu arudie."

"Nirudie vipi, Apa?"

"Kaa mbele ya yule mwenye jicho moja. Sema nilivyosema, kwa Kiswahili, na Mkenya wako akusikie. Umtazame yeye unaposema. Mimi nitakaa kando nihesabu Wakenya wangu, asipotee hata mmoja. Ukimaliza, uso wangu uende Kenya."

Kwa hiyo tulifanya hivyo asubuhi iliyofuata, kule ng'ambo ya mto. Kerubo alikuja. Macho yake yalikuwa mekundu na hakunisalimia, jambo ambalo lilimfurahisha Apa Ewoi, alisema ni ushahidi. Alisimamisha kamera yeye mwenyewe. Mimi niliketi mkekani, upande wa pili wa kazi kwa mara ya kwanza, na nawaambieni, ni upande mbaya. Magoti hujui yaende wapi. Niliisalimia kamera. Haikunijibu, maana aliyekuwa akiijibia ni mimi.

Nikamtazama Kerubo, nikaanza. "Wakenya waliletwa hapa wakiwa wamefungwa." Kila nilipofika kwenye neno hilo, Apa Ewoi alikunja kidole kimoja. "Wakenya wameenda. Hawakuaga." Kidole. Nilipofika kwenye malori, Kerubo akanyanyua kichwa kutoka kwenye kamera.

"Lakini mimi natoka Kisii," akasema, kama mtoto. "Hata sisi huko kwetu walikuja..."

"Anasema nini?" Apa akauliza.

Nikamtafsiria. Safi, bila sukari.

"Kisii iko wapi?"

"Huko chini."

"Basi," Apa akasema. "Endelea."

Nikaendelea. Nikamwambia machoni, nyinyi mlilelewa na nani, hamsalimii, hamuagi. Kerubo akazima kamera. Kisha akaja mbele, akaketi mkekani, akasema, "Ejok, Apa. Ejok, Mama." Na Apa akamjibu. Chai nilimimina, lakini nilingoja kwanza amalize kuimeza ndipo nikamwambia kuhusu sufuria na yule aliyechorwa kama amekufa. Alicheka mpaka akaegemea miguu ya kamera ikaanguka. Mkwaruzo ule kwenye lenzi ya zamani ndio huo.

Kipande hicho ndicho kilichoingia katika filamu. Uso wa Apa unasema, kisha uso wangu unarudia. Mama Furaha alipiga herufi mchana kutwa na kila alipoandika Wakenya aliligonga kama mtu anayepigilia msumari, akisema, "Ndiyo! Ndiyo!" Basi.

Tulienda Nairobi na Apa Ewoi. Darajani Kainuk aliuliza, "Tumeingia?" Nikamwambia tumeingia. Akaweka shuka lake vizuri begani. Mlangoni mwa ukumbi askari alitaka kumnyang'anya kigoda, akidhani ni silaha. Apa akamsalimia. Askari akasahau alichotaka.

Nyinyi mmesikia filamu ilivyopokelewa, sitarudia, ni kujisifu, na nimeshajisifu kwa Akiru inatosha. Watu walisimama wakapiga makofi. Kisha wakaanza kuuliza maswali, kwa Kiingereza, maswali marefu yanayoanza asubuhi na kufika jioni. Apa Ewoi akanivuta mkono.

"Wamejibu?"

"Bado, Apa. Wanasema filamu ni nzuri."

"Sikuuliza kuhusu filamu."

Mwingine akasimama, akaongea muda mrefu, akaketi. "Huyo je?"

"Anasema swali lako ni muhimu sana."

"Amelijibu?"

"Hapana."

Akangoja wa tatu, wa nne. Kisha akashika fimbo yake akasimama katikati ya ukumbi, na kigoda chake mkononi. Nikasimama naye. Akasema, na mimi nikasema nyuma yake kwa Kiswahili, "Nimewasalimia nilipoingia. Sasa naondoka. Nawaaga."

Na hakuwaaga kwa mkono mmoja hewani, kama wafanyavyo watu wa vyeo. Alianza safu ya mbele, mtu mmoja mmoja. Alishika mkono, akauliza jina, akauliza kama watoto wazima, akaaga. Mimi nikitafsiri kwenda na kurudi, safu baada ya safu, na ukumbi wote ukiwa umeketi kimya kama darasa lililokamatwa. Mwenyekiti wa mkutano aliangalia saa, akaacha. Kuna mama mmoja mzee aliyeshika mkono wa Apa akawa haachi, akalia, akasema pole, na Apa akamuuliza kama mifupa yake inamsumbua. Kerubo alitufuata nyuma na kamera begani, hakusema "tulieni" hata mara moja.

Tulipokaribia safu ya mwisho, mwanamume mmoja mkubwa, wa suti, aliyekuwa ameongea kuliko wote, akanyanyuka taratibu akaelekea mlangoni. Apa akamwona. "Yule bado," akasema kwa sauti, na sikuhitaji kutafsiri, ukumbi wote uligeuka. Mtu wa suti akarudi. Akanyoosha mkono. Apa akaushika kwa mikono yake yote miwili, akamtazama kwa muda.

"Muulize watoto wake."

"Wazima," akasema yule bwana.

"Muulize ngamia wake."

Nikamuuliza. Yule bwana akanitazama, akamtazama Apa, akatazama viatu vyake. "Mwambie mzee... mimi sina ngamia."

Nikamwambia Apa. Akalipima hilo jibu kama anayepima uzito wa mbuzi kwa macho, maana bado alikuwa anamtafuta aliyechukua ngamia wake. Kisha akaachia mkono, kwanza mmoja, halafu wa pili, akaniambia maneno machache ya kumpa.

Ulimi wangu, kwa mazoea, ulitaka kuongeza nenda salama mheshimiwa, umefanya vizuri kuja. Niliumeza huo mkia wote. Nikamwambia alichoambiwa.

"Enda. Si wewe."